Nyuki wadogo: kuhamisha kundi kutoka kwenye gogo na kuvuna asali bila kuliua

Nyuki wakubwa wakichoshwa na bughudha huhama. Nyuki wadogo, hawa wasiouma, hawana njia hiyo. Malkia wao akishaanza kutaga, tumbo huvimba kwa mayai, mabawa hayamwinui tena, na kiota alichoanzia ndicho atakachofia. Kosa lolote la mfugaji hubaki humo humo ndani: asali iliyomwagika, sega lililopinduliwa, ufa ulioachwa wazi. Ndiyo maana hapa tunakaa zaidi kwenye mambo mawili, kuhamisha na kuvuna. Makundi mengi hufia hapo.

Mfahamu unayemfuga

Duniani kuna zaidi ya spishi 500 za nyuki wasiouma, zote za nchi za joto. Kwa Afrika Mashariki, wanaokubali mzinga wa mbao vizuri ni Meliponula bocandei na Meliponula ferruginea. Bocandei ana umbo kubwa kuliko wenzake, hukaa kwenye mapango ya miti minene, na ndiye mwenye asali nyingi. Ferruginea hukaa kwenye miti na hata kwenye kuta za udongo, na ni mvumilivu. Anayeanza aanze naye. Hypotrigona ni vile vyeusi vidogo, milimita 2 hadi 4, vinavyotoka kwenye ufa wa ukuta au fremu ya mlango hata ukadhani ni sisimizi wenye mabawa. Vinafugika, ila mavuno yake ni ya kujaza glasi, hayajazi ndoo.

Wengine waache walipo. Plebeina armata hukaa ardhini, mara nyingi ndani ya kichuguu, na kumchimbua kwa kawaida ni kumuua. Dactylurina schmidti wa ukanda wa pwani hujenga kiota nje, kikining'inia chini ya tawi, na masega yake husimama wima badala ya kulala. Huyo mzinga si nyumba yake.

Kitu kimoja ukielewe kabla ya kushika kisu. Kila kichumba cha majana, yaani mayai na watoto wa nyuki, hujazwa chakula cha majimaji na vibarua, malkia hutaga yai juu ya chakula hicho, kisha kichumba hufungwa hapo hapo. Yai linaelea, limesimama. Hakuna anayefungua tena mpaka nyuki mzima atoke, wiki 6 hivi baadaye. Ukilipindua sega lenye mayai au mabuu machanga, yanazama kwenye chakula chake na kufa. Masega ya aina hiyo yana rangi ya kahawia iliyoiva, kwa sababu kichumba bado kimevikwa nta. Buu likishasokota kifukofuko chake, vibarua huibandua ile nta ya nje, na sega hugeuka rangi ya maziwa yenye chai kidogo. Sega hilo jeupe ni gumu, linavumilia mkono, na ndilo mtaji wako katika kuhamisha na kugawa.

Mzinga

Kipimo kinachofaa ferruginea ni vyumba viwili vya majana, kila kimoja sentimita 15 kwa 15 kwa ndani na kimo cha sentimita 8, kisha chumba cha asali cha upana ule ule na kimo cha sentimita 7. Bocandei mpe sentimita 20 kwa 20. Hypotrigona wanatosheka na 10 kwa 10, kimo 5. Kosa la kawaida ni kujenga kubwa ukidhani asali itaongezeka. Kundi dogo ndani ya nyumba kubwa hushindwa kupasha majana joto na kushindwa kulinda pembe zote.

Mbao iwe kavu, isiyotiwa dawa ya wadudu, unene usiopungua sentimita 2.5, sentimita 4 ni bora kwenye sehemu za baridi ya usiku au jua kali. Usipake rangi ndani. Nje paka mafuta ya kitani yaliyochemshwa au rangi ya maji, acha ikauke wiki mbili mpaka harufu iishe. Tundu la lango liwe milimita 12 hadi 15, lichongwe kwenye chumba cha chini. Nyuki watalipunguza wenyewe kwa utomvu.

Kati ya vyumba viwili vya majana usiweke sakafu. Bandika pembetatu ndogo za ubao kwenye kona zote nne, ili masega yaendelee kupanda lakini vyumba vigawanyike bila kukatwa vibaya. Chini ya chumba cha asali weka ubao mwembamba ulioachiwa mwanya wa sentimita 1.5 pande mbili tu. Nyuki watapita, malkia na masega watabaki chini, na siku ya kuvuna utanyanyua asali peke yake. Mpangilio huu wa vyumba una asili yake Afrika: Virgílio de Portugal-Araújo alieleza mizinga ya nyuki wasiouma huko Angola mwaka 1955, kabla mtindo huo haujaenea Brazili.

Kuhamisha kutoka kwenye gogo

Mti ulio hai usikatwe kwa ajili ya nyuki. Gogo linalofaa ni la mti ulioanguka, uliokatwa kwa kazi nyingine, au nguzo inayobomolewa. Kwenye msitu wa hifadhi usiguse kitu bila kibali cha maofisa wa misitu.

Chagua msimu maua yanapoanza, siku kavu isiyo na upepo. Anza saa 3 asubuhi, joto likishapanda, na ulenge kumaliza kabla ya saa 7. Andaa msumeno, kabari mbili za chuma, nyundo, patasi, kisu chembamba chenye makali, bakuli tatu zenye vifuniko, ndoo ya maji, matambara, utepe wa kunata, chandarua cha kichwa na mzinga uliokwisha kamilika. Nyuki hawa hawaumi kwa mwiba, lakini huingia nywele, masikio na macho, na kung'ata kope si jambo la kupuuza.

1. Weka alama ya chaki upande wa juu wa gogo, jinsi lilivyosimama. Kama limelala chini kwa wiki nyingi, nyuki wameshajenga upya kufuata mlalo mpya, basi juu ni juu ya sasa. Alama hiyo utaifuata mpaka mwisho wa kazi.

2. Tafuta urefu wa pango kwa kugonga gogo kwa nyundo. Sauti ya uwazi inakwambia kiota kinaanzia na kuishia wapi. Kata ncha zote mbili sentimita 20 nje ya hapo.

3. Chora mstari wa msumeno pande mbili za gogo, ukienda na urefu wake, kisha kata mpaka ubaki na sentimita 3 au 4 kabla ya kufika pangoni. Hapo acha msumeno, pigilia kabari, gogo lipasuke lenyewe. Msumeno ukifika ndani unapasua vyungu, vile vifuko vya nta vya asali na chavua, asali inashuka juu ya majana, na kazi imeharibika kabla hujaona kiota.

4. Ukifungua, usikimbilie majana. Anza na vyungu vilivyo karibu nayo, viondoe kimoja kimoja na uviweke kwenye bakuli, vya asali mbali na vya chavua. Funika kila bakuli kila mara. Kilichomwagika kifute papo hapo kwa tambara lenye maji.

5. Pitisha kisu chini ya rundo la majana, kwenye vile viguzo vidogo vya nta vinavyolishikilia, ulinyanyue lote kwa kiganja. Upande wa juu ubaki juu. Likigawanyika si neno, mradi hujalipindua. Sakafuni mwa mzinga weka kwanza vidonge vitatu vinne vya nta, ukubwa wa punje ya mahindi, halafu ukalishe rundo juu yake. Bila nafasi hiyo vibarua hawafiki chini ya sega, ukungu unaota na inzi wanapata pa kutagia.

6. Mtafute malkia. Ni mrefu kuliko vibarua, tumbo limevutika mpaka ngozi nyeupe inaonekana kati ya mikanda ya kahawia, na hutembea taratibu akijificha kati ya masega. Usimbane kwa vidole. Mwekee kipande cha nta au jani mbele yake apande mwenyewe, kisha umshushe juu ya majana. Ukimkosa, angalia ukingo wa masega kama kuna kichumba kikubwa kuliko vingine. Hicho ni cha malkia mchanga, na kundi lenye hicho pamoja na masega meupe ya kutosha linaweza kujiokoa.

7. Rudisha zile karatasi laini za nta zilizokuwa zimeyafunika majana. Ndizo blanketi lake, na siku za mwanzo vibarua hawana nguvu ya kujenga nyingine.

8. Weka vyungu vizima tu, vinne hadi sita, pembeni mwa majana. Chungu kilichopasuka, hata kama kina ufa mdogo, kisiingie ndani.

9. Vibarua wachanga, wale weupe wasioweza kuruka, hubaki wameshika kuta za gogo. Wakusanye kwa unyoya au kwa mpira mwembamba wa kuvuta pumzi wenye kitambaa mdomoni, uwatie mzingani. Wengi huwaacha. Hao ndio wanaojenga vichumba na kulisha, na kundi lililowakosa hudhoofika hata kama malkia yupo.

10. Kata ule mrija wa nta uliokuwa mlangoni pa gogo, uubandike kuzunguka tundu la mzinga. Uweke mzinga pale pale gogo lilipokuwa, lango kwa kimo kile kile na uelekeo ule ule. Mabaki ya gogo yapelekwe mbali, la sivyo wanaorudi malishoni watayafuata hayo.

11. Ziba maungio yote kwa utepe wa kunata, kila ufa. Acha mpaka giza liingie ili wote waingie. Ukitaka kuwapeleka shambani kwako, ziba lango usiku kwa wavu mwembamba na uwasafirishe bila kutikisa. Pahali papya pawe zaidi ya kilomita 2 kutoka hapo. Pakiwa karibu, vibarua watarudi kwenye gogo lisilokuwepo.

Wiki mbili za hatari

Adui mkubwa ni inzi mdogo mwenye kibyongo, anayekimbia kwa kushtuka-shtuka badala ya kuruka. Hutaga kwenye chavua iliyo wazi na kwenye majana yaliyojeruhiwa, na siku chache baadaye mzinga mzima unajaa mafunza. Huyu hufuata harufu ya chavua iliyoanza kuchacha. Ukihamisha kwa usafi, mara nyingi hapati pa kuanzia.

Tega siki. Chukua kichupa kidogo, jaza siki hadi theluthi moja, toboa kifuniko tundu la milimita 2, kiweke ndani ya mzinga pembeni. Inzi anapita, Meliponula hapiti. Kagua kila siku mbili. Ukikuta inzi watatu au wanne kwenye kichupa, fungua mzinga, toa chavua yoyote iliyo wazi na uongeze mtego. Ukikuta mafunza, hamishia majana mazima na malkia kwenye mzinga safi siku hiyo hiyo; sanduku la zamani lioshwe kwa maji ya moto na likaushwe juani. Usingoje kesho.

Yupo pia mbawakawa mdogo wa mizinga, Aethina tumida, mdudu wa asili ya Afrika. Hupenya kwenye nyufa, kwa hiyo utepe wa kunata ni kinga kuliko dawa yoyote. Siafu na sisimizi zuia kwa kupaka grisi kwenye miguu ya kichanja kila mwezi, na ukate majani yanayogusa mzinga, maana jani moja ni daraja.

Lisha jioni ya siku ya tatu, sio siku ya kwanza: sukari na maji kwa vipimo sawa, mililita 50, kwenye kifuniko chenye vijiti vya kusimamia wasizame. Kisichonyweka ndani ya saa 24 kiondolewe. Chavua usiwape, wakiwa na afya wataileta wenyewe miguuni, na kuiona ikiingia langoni ndiyo habari njema ya kwanza. Ya pili ni walinzi kusimama kwenye mdomo wa mrija. Usifungue mzinga kabla ya siku 10. Kila ukifungua unapoza majana na kuharibu kazi ya gundi.

Kichanja kiwe mita 1 kutoka ardhini, kwenye kivuli cha mchana, lango likipata jua la asubuhi. Majana hufa joto la ndani likikaribia nyuzi 40, na bati tupu juu ya mzinga linaweza kufika huko.

Kundi likishajaza vyumba vyote viwili na kuwa na masega meupe mengi, unaweza kugawa. Chumba chenye masega meupe kipelekwe kwenye mzinga mpya, na mzinga huo ndio ukae pahali pa zamani ili upokee vibarua wanaorudi. Mzinga wa malkia usogezwe mita kadhaa. Kugawa kabla ya mwaka kutimia ni kupata makundi mawili dhaifu.

Kuvuna

Vuna maua yakiwa bado yapo, sio yakishaisha, ili wapate muda wa kujaza tena. Acha angalau theluthi ya vyungu. Kundi lililohamishwa halivunwi mwaka wa kwanza.

Vyombo vyote vikauke kabisa, hata tone la maji lisibaki. Nyanyua chumba cha asali, fungua kifuniko, tazama vyungu. Vilivyofungwa juu ndivyo vilivyoiva; vilivyo wazi bado vina maji mengi, viache. Tofautisha asali na chavua kwa kugusa: chungu cha asali kinabonyea, cha chavua kigumu. Toboa kwa ncha ya kisu juu ya kila chungu cha asali, ingiza mpira mwembamba uliounganishwa na bomba la sindano la mililita 60, vuta. Ukiwa na mizinga mingi, pampu ndogo ya kunyonyea yenye chupa ya kukingia inaokoa saa nyingi. Vyungu vibaki vilivyo, nyuki wataviziba na kuvijaza tena bila kupoteza nta.

Kukamua kwa mkono, yaani kung'oa vyungu na kuvifinyanga kwenye kitambaa, ndiko kunakoharibu jina la asali hii sokoni. Chavua, vipande vya majana na uchafu wa mkono huingia. Asali inapata uchungu na kuchacha ndani ya siku chache.

Asali ya nyuki wadogo ni nyepesi na ina uchachu, na hilo si kasoro. Unyevu wake kwa kawaida ni asilimia 25 hadi 35, wakati Codex, kanuni ya kimataifa ya vyakula, kwa asali ya nyuki wakubwa inataka usizidi 20. Kwa kiwango hicho cha maji, hamira za asili zilizomo hufanya kazi, hewa hujengeka, na chupa iliyofungwa kwa nguvu inaweza kupasuka. Malaysia iliweka kiwango chake cha asali hii mwaka 2017, kwa kutambua kuwa haiwezi kupimwa kwa rula ya nyuki wakubwa. Mwaka 2020 watafiti wa Australia walionyesha kuwa sukari kubwa ndani ya asali za baadhi ya spishi ni trehalulosi, ambayo ni adimu kwenye vyakula. Ukipima unyevu, chunguza kifaa kwanza: refraktomita nyingi za asali huishia asilimia 27, na asali hii itatoka nje ya kipimo. Tumia ile inayosoma Brix, yaani kipimo cha sukari, hadi 90.

Njia tatu za kuitunza. Ya kwanza ni friji, nyuzi 4, tangu siku ya kuvuna. Ndiyo inayolinda ladha vizuri zaidi. Ya pili ni kuipunguza maji kwa hewa kavu ndani ya chumba kilichofungwa, ikiwa kwenye sinia pana, joto lisizidi nyuzi 40, mpaka unyevu ushuke chini ya asilimia 20. Ya tatu ni kuiacha iive: chupa za kioo zilizojazwa hadi robo tatu, kifuniko kilichofungwa kidogo tu, na kutoa hewa kila siku kwa wiki za mwanzo na kila wiki baadaye mpaka viputo viishe. Hii huwa chachu zaidi, na mnunuzi aambiwe. Kuichemsha jikoni hakushauriwi. Harufu yake, ambayo ndiyo thamani yake, huondoka na mvuke.

Uchachu wenye harufu ya maua na utomvu ni wa kawaida. Harufu ya siki kali, povu lisiloisha na ukungu juu ni asali iliyoharibika. Kama asali yoyote, mtoto aliye chini ya mwaka 1 asipewe.

Nta nyeusi inayobaki baada ya kuvuna usiitupe. Ioshe kwa maji baridi, ikaushe kivulini, nusu irudishe juu ya chumba cha asali waitumie kujenga. Nusu nyingine iloweke kwenye spiriti kwa wiki moja, upake maji yake ndani ya masanduku matupu na kwenye malango yake, kisha uyatundike karibu na makundi yaliyoshamiri kabla msimu wa maua haujaanza, ili harufu ivutie kundi jipya.